Takwimu za nafaka zinapanda: ni tija au ni ekari?

Igoma_Nafaka: Wadau, naandaa muhtasari wa mwenendo wa nafaka nchini kwa ajili ya chama chetu cha ushirika hapa Mwanza. Nina miaka 10 ya mahindi, mpunga, mtama na uwele. Mstari unapanda, ila jedwali moja lina mpunga pungufu kwa theluthi hivi kuliko jingine, na miaka haioani. Nianzie wapi? Na nitajuaje kama kilichoongezeka ni tija au mashamba tu?

Jaruba: Mkuu, hiyo theluthi ni maganda na pumba. FAO (Shirika la Chakula na Kilimo la Umoja wa Mataifa) huhesabu mpunga, USDA (Wizara ya Kilimo ya Marekani) hutumia mchele uliokobolewa. Kilo 1,000 za mpunga hutoa mchele kama kilo 650 mashine ikiwa nzuri. Chagua kimoja, jedwali lote lifuate hicho.

Miaka nayo: msimu wa 2022/23 mmoja anauandika 2022, mwingine 2023. Vuli yetu huku Kanda ya Ziwa inavunwa Januari na Februari, Ruvuma na Mbeya wanavuna kuanzia Mei. Andika msimu kamili, usiandike mwaka mmoja.

Dada_Mizani: Usichore jumla peke yake. Weka safu tatu: eneo, mavuno kwa hekta, jumla. Ekari zikitoka 100 hadi 130 na kila moja ikabaki gunia 8, jumla imepanda 30% na tija haijasogea hata kidogo. Hapo ndipo wengi wanapopongezana bure. Halafu tumia wastani wa miaka mitatu mitatu, maana ukianzia mwaka wa ukame, kila kinachofuata kitaonekana ni maendeleo.

Angalia pia mwaka wa Sensa ya Kilimo (2007/08 na 2019/20). Takwimu ikiruka ghafla karibu na hapo, chunguza kwanza kama kilichobadilika ni njia ya kuhesabu.

Igoma_Nafaka: Asante dada. Na tija ya kwetu Magu na Kwimba naipataje? Wakulima wananitajia magunia tu.

Pima_Kwanza: Gunia si kipimo, lumbesa (gunia lililojazwa kupita kiasi) na gunia la kawaida ni vitu viwili. Kabla ya kuvuna, pima kipande cha mita 5 kwa 5, kata, piga, peta, kisha pima kwa mizani. Zidisha kwa 400 upate kilo kwa hekta, au kwa 162 upate kwa ekari. Kilo 6 ni 2,400 kwa hekta.

Yanayoharibu ni haya. Mtu huchagua penye mpunga mzuri. Amua hatua kabla hujaingia shambani, mfano 20 kutoka kona kisha 15 ndani, popote itakapoangukia. Kingo za majaruba (vipande vya shamba la mpunga vilivyozungushiwa matuta) hazizai, zitoe kwenye eneo. Mapepe (punje tupu zisizo na mchele) yasipopetwa yanajaza ndoo bure, hasa mvua ikikatika mpunga ukiwa unachanua. Na unyevu: kilo 100 zenye unyevu wa 18% ukizishusha hadi 13% zinabaki 94 na kidogo (100 × 82 ÷ 87). Bila hilo, aliyepima mapema ataonekana kavuna zaidi.

Jaruba: Nyongeza moja. Muhogo na viazi havimo kwenye nafaka. Ukerewe udaga (muhogo uliovundikwa na kukaushwa) ni chakula kikuu, kwa hiyo nafaka ikishuka huko usiandike njaa kabla hujaangalia safu ya muhogo.