Wauza samaki wa mapambo Mwanza, mnatuuzia ugonjwa halafu mnatuuzia "rangi mbili"!

Wakuu, leo sina salamu ndefu.

Huu ni mji wa samaki. Pale Mwaloni, Kirumba, mwuzie mtu sangara aliyelala uone moto wake. TAFIRI, taasisi ya utafiti wa uvuvi, wako hapahapa, chuo cha uvuvi kiko Nyegezi. Ila kwa samaki wa mapambo kila duka linajiendea tu.

Nimenunua samaki, nimeambiwa wazima kabisa. Siku si nyingi, madoa meupe mwili mzima kama wamenyunyiziwa chumvi, wanajisugua kwenye mawe, na wale wa zamani wameshaambukizwa. Narudi dukani, jamaa ananipa kapsuli za rangi mbili: "Fungua, mwaga humo, watapona." Kasema bila aibu!

Rangi mbili ni dawa ya bakteria. Anayeleta haya madoa ni kimelea, kitaalamu Ichthyophthirius multifiliis, hata umwage kopo zima hashtuki. Kwanza anakaa ndani ya ngozi ya samaki, dawa ya kwenye maji haimfikii. Akishiba anadondoka, anajifungia kwenye kifuko chini ya tangi, anagawanyika, wanatoka mamia ya watoto wanaoogelea kutafuta samaki wa kumwingia. Hao watoto ndio dawa inawapata. Maji yakiwa nyuzi 25 hivi, mzunguko wote ni siku chache, ndiyo maana tiba inaendelea hata madoa yakishapotea.

Kinachokufa kwa rangi mbili ni bakteria wazuri wa kwenye filta, wanaoondoa amonia inayotoka kwa samaki. Jirani yangu kamwaga, amonia ikapanda, samaki wote wakawa juu ya maji wanahema. Kupiga simu dukani, anaambiwa aongeze dozi! Tangi lote limekwisha.

Chumvi ya kawaida, gramu 1 hadi 2 kwa lita, ukiiongeza kidogokidogo (kambare wadogo hawaipendi, angalia), inasaidia kuliko huo upuuzi. Ukipandisha joto mpaka nyuzi 28 au 30, pampu ya hewa isizimwe, maji ya moto hayashiki hewa vizuri. Umeme nao tunaujua, tuache.

Kinachoniudhi zaidi ni kwamba haya yanazuilika. Mzigo mpya ukae tangi la peke yake wiki 2 hadi 4 kabla ya kuuzwa. Dukani nimeona wavu mmoja unatoka tangi hili unaingia lile, unachuruzika maji. Wengine wanachota ziwani kwa ndoo eti "maji ya asili", na vimelea vyake humohumo.

Na wewe muuzaji uliyenijibu "samaki wa buku mbili unamlilia nini", buku mbili ni zangu, na tangi zima ulilolichafua si la buku mbili.

Wana Mwanza, nani anatenga samaki wapya kabla ya kuuza? Tajeni mtaa tu, hata kama ni Usagara nafunga safari.