Sara García kung'oa meno 14 ili acheze bibi: kujitoa kwa kazi au alibanwa?

Wakuu habari za jioni. Kila nikikutana na mpenzi wa zile filamu za zamani za Mexico hii stori inasimuliwa kwa sifa tupu, na mimi kusema kweli inaniuma, naomba tuijadili.

Kwa msiomjua, Sara García alizaliwa Orizaba, Veracruz, mwaka 1895, akaanza kuonekana kwenye filamu 1917, mwisho Mexico nzima ikawa inamwita bibi yao. Sura yake mpaka leo ipo kwenye pakiti ya chokoleti ya kunywa ya Abuelita. Sasa inasimuliwa kwamba alipoambiwa bado kijana mno kucheza kikongwe akaenda akang'olewa meno 14 ili mashavu yabonyee, akavaa wigi la mvi, akapata kazi. Alikuwa na miaka 40 hivi tu jamani, mtu wa 40 ni bibi wa nani?

Watu wanaita kujitoa. Mimi naona mlango ulikuwa mmoja, na ada ya kuingilia ilikuwa meno yake.

Angalieni Fernando Soler, muigizaji mwenzake wa kiume, kazaliwa 1896, yani Sara kamzidi mwaka mmoja tu. 1941 wamecheza mke na mume kwenye Cuando los hijos se van, wazazi wa watoto wakubwa, sawa. Miaka kumi baadaye Soler huyo huyo yuko kwenye Susana, filamu ya muongozaji Buñuel, bwana mwenye shamba, anatongozwa na Rosita Quintana ambaye kwa umri angeweza kuwa binti yake wa kumzaa kabisa. Sara wakati huo alishazeeshwa zamani, na hakuna aliyemwambia Soler ang'oe hata jino moja.

—

Mleta mada nakuelewa ila nabisha. Unamfanya mama wa watu aonekane kama alionewa tu wakati alicheza karata yake vizuri kuliko wote. Warembo wangapi wa enzi zile walipofika 35 wakapotea? Yeye kafanya kazi miaka zaidi ya 60, kafa 1980 akiwa na miaka 85 na jina lake bado linajulikana.

Halafu hebu tazama Los tres García ya 1947, wajukuu watatu majitu mazima, mmoja anachezwa na Pedro Infante mwenyewe, staa mkubwa wa enzi zile, wanagombana kila siku, bibi anaingia na sigara yake nene mdomoni anawachapa bakora na wote wananywea. Ukimtoa pale hiyo filamu haipo. Wanamwita muigizaji msaidizi lakini nani anamsaidia nani?

—

Ndugu yangu hapo kwenye bakora tuko pamoja, nimeirudia mara nyingi sana, anaitoa sigara taratibu halafu ndo anaanza kugomba, na sijaona mwingine wa kufanya vile. Ndo maana inaniuma! Mtu wa uwezo ule akafungiwa kwenye bibi na mama mwenye kulia miaka na miaka.

Na ushahidi kwamba alikuwa na mengine ndani ni Mecánica nacional ya 1972. Pale ni bibi anayeporomosha matusi na kula bila breki, na kula huko huko ndo kunamuua. Watu walishtuka kusikia mdomo ule ukitukana. Ana miaka 76! Kwa nini tulisubiri mpaka 76?

—

Niwaingilie kidogo. Mimi nadhani mnasahau watazamaji. Kwenye Vuelven los García, mwendelezo wa Los tres García, bibi anakufa, Infante anaenda kaburini amelewa anamwimbia Mi cariñito huku analia, ile sehemu watu wanaililia mpaka leo. Hadhira ilimtaka bibi, na waandaaji wakaendelea kuwapa walichokitaka. Lawama tugawane.

—

Lawama ya watazamaji naipokea, mimi mwenyewe pale kaburini nalia. Ila hadhira haikukaa kwenye usaili na kumwambia wewe bado kijana. Na nyie mnaosifia yale meno bado hamjanijibu kuhusu Soler, anzeni na hilo.