Mtayarishaji wa filamu huru, ulikodi kamera au uliniajiri mimi?

Wakuu, salaam.

Nimekuwa mpiga picha wa filamu huru hapa Dar es Salaam kwa miaka 11, na nimevumilia mengi ambayo kila mtu wa kazi hii anayajua: advansi inayokuja nusu, siku nane za makubaliano ya mdomo zinazogeuka kumi na tatu, wali maharage unaofika saa kumi jioni. Hayo siyalalamikii leo. Ninacholalamikia ni jina langu.

Mwaka jana nilipiga filamu moja huko pwani ya kusini kwa kamera yangu, lenzi zangu tatu na taa zangu mbili, kwa shilingi 1,200,000, malipo ambayo mpiga picha wa harusi angeyakataa bila hata kukaa chini. Nilikubali kwa sababu skripti ilikuwa nzuri, na kwa sababu katika filamu huru malipo yenyewe ni jina kwenye orodha ya waliofanya kazi, ile inayopita mwishoni mwa filamu. Ndilo linalokutafutia kazi inayofuata.

Kuna tukio la usiku ambapo mama anasoma barua kwa mwanga wa chemli. Chemli peke yake haitoshi: kwenye kamera mwali unaungua mweupe, na uso mweusi wa mwigizaji unamezwa na giza lililo nyuma yake. Nilificha taa ndogo ya betri nyuma ya mtungi, nikaifunika karatasi ya rangi ya chungwa ili ifanane na moto, kisha nikatundika shuka jeupe upande wa pili, nje ya picha, ili mwanga ugonge hapo na kurudi taratibu shavuni. Nikamwomba mwigizaji ajipake mafuta ya nazi kidogo, maana ngozi nyeusi hupendeza kwa kurudisha mwanga, si kwa kumwagiwa mwanga. Kazi hiyo ilinichukua saa mbili na nusu, huku mtayarishaji akipaza sauti: "Piga tu kaka, tutarekebisha kwenye kompyuta!" Uso uliozama gizani hakuna kompyuta inayourudisha.

Filamu ilipoonyeshwa kwenye tamasha, tukio hilo ndilo lililopigiwa makofi, na picha yake ndiyo iliyowekwa kwenye bango. Nikasubiri majina. Akapita mwongozaji, mhariri, mpambaji, dereva. Penye mpiga picha pakaandikwa "Kamera: Timu". Mimi nilikuwa chini kabisa, kwenye shukrani za pekee, kati ya mwenye nyumba na mama lishe. (Mama lishe simdharau, alitulisha vizuri kuliko pesa aliyopewa.)

Nilipouliza, nikajibiwa kwamba Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inampa mtunzi haki ya kutajwa, na kameramani si mtunzi, ni mtu wa vifaa. Mtu wa vifaa! Tuzo za Oscar zilipotolewa kwa mara ya kwanza, Mei 1929, tayari ilikuwepo tuzo ya upigaji picha, wakaitwaa Charles Rosher na Karl Struss. Kamera yao haikupewa kitu.

Hasara nimeiona mwezi wa tatu mwaka huu. Kampuni ya nje iliyokuwa ikitafuta mpiga picha wa filamu itakayopigwa Zanzibar iliniomba mfano wa kazi ya usiku, nikawatumia tukio la chemli. Wakauliza mbona jina langu halimo. Nikaeleza kwa barua ndefu, na tangu hapo hawajanijibu. Nadhani wameniona mwizi wa kazi za watu.

Juzi mtayarishaji yuleyule kanipigia simu, bila hata salamu ya maana: "Kaka, ile kamera yako bado ipo?" Nimemwambia ipo, na mwenyewe nipo, ila safari hii tunaandikiana kwanza. Mwenye nakala ya mkataba unaotaja hadi maneno yatakayoandikwa kwenye orodha na mahali yatakapokaa, naomba aniwekee hapa kabla ya Jumatatu.