Tabora: Tumelipia wanzuki, pombe ya asali, tumepewa pombe kali na sukari iliyounguzwa. Tunataka pesa zetu!

Wakuu, habari za jioni.

Nimesubiri siku nne hawa waandaaji wa matembezi ya vinywaji wanipigie kama walivyoahidi. Kimya. Kwa hiyo naleta hapa, na mtanisamehe kwa urefu wa uzi.

Kuna tangazo linazunguka kwenye magrupu ya WhatsApp: matembezi ya jioni ya kuonja kokteli na vitafunwa vya Kinyamwezi katikati ya mji wa Tabora. Sh 60,000 kwa mtu. Vituo vitano, kila kituo glasi moja na kitafunwa chake, mwongozaji mwenyeji, saa 11 jioni hadi saa 3 usiku. Walitaja kabisa vitakavyonywewa: wanzuki ya tangawizi, kangara (nayo pombe ya kienyeji) yenye limau, ukwaju na asali ya nyuki wadogo, na kadhalika. Na waliandika hivi, nimehifadhi picha yake: "Kila kinywaji kina pacha wake asiye na kilevi." Shikeni hilo neno pacha, nitalirudia.

Mimi nimezaliwa Kitete na kukulia Ng'ambo, hapa hapa Tabora. Sasa hivi nafanya kazi Dodoma, nilikuja likizo na wenzangu wawili wa ofisini. Mmoja kaka wa Songea, mwingine dada wa Bagamoyo, mtu wa swala tano. Huyu dada ndiye aliyeitaka sana safari. Kwao ndiko misafara ya karne ya 19 ilikoanzia kuja bara, na Tabora, ambayo wazungu wa enzi hizo waliiandika Kazeh, ndipo misafara ilipopumzika kabla ya kushika njia ya Ujiji. Alikuwa anasema, "Nataka nione walikokuwa wanafika." Nikalipa kwa simu, watu watatu, 180,000. Pesa ya likizo hiyo.

Tukaambiwa tukutane stesheni saa 11. Mwongozaji amefika saa 12 na dakika 20. Tulikuwa watu 14 tumesimama pale, wengine na watoto wachanga nyumbani, hakuna hata ujumbe wa samahani. Anafika jua linakaribia kuzama.

Kijana mwenyewe si mtu mbaya, ila si mwenyeji. Ametokea Arusha, ana mwezi mmoja hapa, alisema mwenyewe. Anasoma kwenye simu. Akatuambia stesheni imejengwa na Waingereza, wakati reli hii ni ya Wajerumani na ilifika Tabora mwaka 1912, miaka miwili kabla ya kufika Kigoma. Nikanyamaza. Kisha akasema Stanley na Livingstone walikutana hapa Tabora. Hapo nikashindwa. Walikutana Ujiji mwaka 1871! Hapa walikuja pamoja baadaye, wakakaa Kwihara, na Machi 1872 Stanley akaondoka kurudi pwani, mwenzake akabaki kusubiri wapagazi na vifaa. Lile tembe, nyumba ya udongo waliyokaa, lipo mpaka leo, ni makumbusho, ni kilomita chache tu nje ya mji. Nikamwambia kwa upole kabisa. Akajibu, "Madam, tusibishane, tupo kwenye starehe." Mtu ametoka Bagamoyo kuja kusikia habari za misafara, anaambiwa tupo kwenye starehe.

Kituo cha kwanza, wanzuki.

Hapa naomba mnivumilie, maana wengi mnaosoma huenda hamjawahi kuionja. Bibi yangu mzaa mama alikuwa anatengeneza wanzuki. Asali aliletewa na mjomba kutoka porini Sikonge, kwenye mizinga ya magome, ikija bado ina masega. Bibi anakamua, halafu yale masega anayaosha kwa maji ya uvuguvugu asipoteze hata tone. Maji hayo anayachanganya na asali, anatia chachu iliyobaki kwenye mtungi uliopita, anafunika, anaweka pembeni ya jiko. Mwezi wa 10 kwa joto lile inawahi. Mwezi wa 6 na wa 7, kwenye baridi, inachelewa, na bibi alikuwa anaamka usiku kuuvisha mtungi gunia. Ukiweka sikio unasikia inavyotokota bila moto. Ukionja, utamu unatangulia, uchachu unafuata, harufu ya nta inakaa puani muda mrefu. Si kitu cha kukisia. Aliyekulia nayo anaijua hata akifungwa macho.

Nilichopewa ni pombe kali ya dukani, soda ya tangawizi, na sukari iliyounguzwa kwenye sufuria ili ipate rangi. Ule uchungu wa sukari iliyoshika chini nilikutana nao kwenye funda la kwanza. Nikamwuliza mhudumu, asali iko wapi? Akasema, "Asali ni bei dada, tunaweka ladha." Asali ni bei, Tabora! Mkoa ambao watu wa Dar wakisikia unakwenda wanakuagiza asali kabla hujapanda treni. Lita moja ya asali ingetosha glasi zote 14 na ingebaki, na sisi tulikuwa tumelipa 840,000 kwa jumla. Pigeni hesabu wenyewe.

Kituo cha pili ulikuwa mchanganyiko uleule na kipande cha limau juu, jina limebadilika kuwa kangara. Nauruka.

Kati ya cha pili na cha tatu akatupeleka upande wa boma la Mjerumani na kutuambia tupige picha za pamoja. Usiku, na taa za simu zinamulika. Lile ni eneo la jeshi, kila mtoto wa Tabora anajua simu inakaa mfukoni ukipita pale. Tulifokewa na askari, tukafutishwa picha mmoja mmoja, na mwongozaji wetu amesimama nyuma kabisa. Ningekuwa sikuwasihi wale vijana wa jeshi, sijui tungelala wapi.

Sasa kituo cha tatu, na hiki ndicho kimenifanya niandike.

Kinywaji kilikuwa ukwaju na asali. Mwenzangu wa Bagamoyo akauliza mara mbili, mimi nikiwa ubavuni kwake, "Hiki hakina kilevi?" Mhudumu akasema hiki ni pacha, kunywa. Akanywa nusu glasi, maana ukwaju ni mkali unaficha mengi. Kisha akanigeukia, uso umebadilika, akanipa glasi bila kusema neno. Nikaonja. Pombe. Nikaenda nyuma ya kaunta mwenyewe nikakuta jagi moja. Moja tu! Wamechanganya kila kitu humo, wanamimina kwa wote, wenye pombe na wasio na pombe. Pacha hakuwepo.

Yule dada alikwenda kutapika pembeni ya mtaro. Alikuwa analia. Mtu mzima, ana miaka 38, hajawahi kuonja kilevi tangu azaliwe, na ameonjeshwa kwetu, na mimi ndiye niliyemleta. Mwongozaji alipoitwa alisema, "Pole, ni kidogo tu, haileweshi." Kaka, nani alikuuliza kama inalewesha? Na angekuwa mjamzito je? Au mtu anayemeza dawa zisizopatana na pombe? Tabora ina Waislamu wengi tangu enzi za misafara, mtu unafanyaje biashara ya vinywaji mji huu ukiwa na jagi moja?

Tungeondoka pale pale, ila dada mwenyewe akasema asingependa kuwaharibia wengine, na kurudi peke yetu gizani hakutaka. Tukaendelea.

Kituo cha nne tuliingizwa kwenye klabu ya pombe ya kienyeji Ng'ambo. Hakuna aliyetoa taarifa kwa mwenye klabu. Watu 14 wanaingia, simu juu, wanawarekodi wazee waliokaa kwenye mabenchi yao wakipumzika baada ya kazi. Mzee mmoja akajifunika uso kwa kofia. Mama mwenye klabu akatoka ndani akauliza kwa sauti ya chini, "Hawa wageni ni wa nani?" Nikamwamkia kwa Kinyamwezi, nikapiga goti, nikamwomba radhi. Akaniambia hii ni mara ya tatu. Wanakuja, wanapiga picha, wanaonja kikombe kimoja kimoja, wanaondoka, mwongozaji anamwachia 2,000. Elfu mbili! Kwa kundi zima!

Na pale ndipo penye wanzuki ya kweli. Mtungi ulikuwa mlangoni. Nilionja kwa pesa yangu, nikamkumbuka bibi. Wametuzungusha saa mbili kutunywesha sukari iliyoungua, na kitu chenyewe kipo kwa mama huyu, kwa bei ya kikombe isiyofika hata elfu mbili.

Vitafunwa sasa. Tangazo: matobolwa, karanga, uyoga wa porini, kuku wa kienyeji wa kuchoma. Tulichopata: krispi za pakiti na sambusa baridi, mbilimbili. Matobolwa si kitu cha kukosa mji huu. Viazi vitamu vinachemshwa, vinakatwa, vinaanikwa juani mpaka vinakuwa vigumu vyenye utamu wa kutafuna polepole. Vikikatwa na kuanikwa vibichi ni michembe. Ni chakula kinachokaa miezi, cha kubeba safarini, na wapagazi wa Kinyamwezi walitembea mpaka pwani. Kuna hadithi tayari mkononi, na kitafunwa chake kiko sokoni, na mnatupa krispi.

Kituo cha tano hakikuwepo. "Muda umeisha." Saa 2 na nusu.

Kesho yake nikaandika kwenye grupu lao kwa adabu, nikaeleza habari ya jagi na kuomba warudishe pesa ya mwenzangu angalau. Jibu: tutakupigia. Baada ya dakika kumi nikatolewa kwenye grupu.

Ninachodai ni hiki. Mrudishieni yule dada 60,000 yake yote, na mumpigie mumwombe radhi nyie wenyewe, si kupitia kwangu. Sisi wengine tunataka nusu. Yule mama wa klabu mkae naye mkubaliane kwa kila kichwa mnachomletea, na wazee waulizwe kabla ya simu kuinuliwa. Na muache kuandika neno wanzuki kwenye kitu kisichokuwa na asali.

Kazi ya kuongoza wageni ina leseni yake, ipo Sheria ya Utalii ya 2008. Nimewauliza leseni, hawajajibu. Nawapa mpaka Ijumaa. Jumatatu asubuhi nakwenda kwa afisa biashara wa manispaa, na malalamiko ya maandishi nayatuma Tume ya Ushindani, nina meseji za muamala na picha za tangazo zote.

Wale 11 wengine tuliokuwa nao Jumamosi, hasa yule baba na mkewe waliotoka Nzega, kama mnapita humu njooni PM. Nahitaji mashahidi wa lile jagi.

NYONGEZA, saa 4 usiku: Kuna wanaoniuliza kwa nini sikuwataja jina. Nitawataja Jumatatu nikishapata mhuri wa kupokelewa barua. Na aliyeandika hapo chini kuwa "Mwislamu alifuata nini kwenye matembezi ya pombe", soma tena tangazo. Walimwalika. Walimwandikia kabisa kuwa meza yake ipo.