Naomba ushauri: vita vya manowari ndani ya beseni

Habari zenu wakuu. Nataka kurekodi na wanangu vita vya baharini kwa simu, kwa mtindo wa 1898. Mwaka ule, kule New York, Albert Smith na Stuart Blackton wa kampuni ya filamu ya Vitagraph waliigiza vita vya baharini vya Santiago de Cuba, kati ya Marekani na Hispania, juu ya meza. Smith alisimulia kwamba walikata picha za manowari, wakazipigilia kwenye vipande vya mbao, wakaziweka kwenye maji ya kina cha inchi moja hivi na kuzivuta kwa uzi. Mizinga ilikuwa baruti kiduchu. Moshi je? Sigara tu, mke wa Blackton akipuliza pembeni!

Sisi jana meli zetu za boksi zimelowa zikalala ubavu kabla adui hajafika. Halafu viwimbi vinaonekana vikubwa kuliko manowari yenyewe. Baruti sitaki, kuna watoto, udi ninao.

Wenye uzoefu, boksi nilipake nta ya mshumaa au nilifunge na selotepu? Na nikirekodi kwa mwendo wa polepole, maji yataonekana mazito kama ya bahari, au tatizo ni beseni dogo?