Ushauri: mzee amekataa nisiendelee kurekodi nyumba yake

Mpigapicha_Ujiji
Wakuu, habari za jioni. Nipo Ujiji, mwezi wa tatu sasa narekodi filamu ya makala kuhusu mzee aliyejenga nyumba kwa mbao za boti za dagaa zilizochoka, bati la zamani na matofali ya nyumba zilizobomolewa. Kila tofali alilokwangua ni kuni ambazo hazikuingia tanurini, na misitu yetu mnaiona ilivyo. Mlango wa sebuleni bado una mistari ya kalafati, pamba imekaukia kati ya ubao na ubao. Ukisogea karibu unasikia harufu ya dagaa.

Juzi binti yake kapiga simu kutoka Dar: "Baba, watakuonyesha kama mtu anayelala jalalani." Tangu hapo mzee hataki kamera ndani. Nyumba hii naipenda kwa dhati. Nifanyeje?

Seremala wa Mwanga
Mkuu, ulipokuwa unamhoji ulizitaja vipi mbao zake? Ukisema "mabaki" hata mimi nakasirika. Ubao wa boti ukishakaushwa vizuri umetulia, haukupindii kama mbao mbichi za dukani. Mwache aonyeshe anavyong'oa msumari bila kupasua ubao, anavyotafuta uozo kwa ncha ya kisu. Kamera ikae kwenye mikono yake muda mrefu.

Mama Gungu
Seremala, maneno peke yake hayatoshi. Mwanangu, bibi mwenye nyumba, mke wa mzee, ulimwomba ruhusa? Maana ndani ni kwake. Nenda bila kamera, kaa unywe chai, halafu wawekee picha ulizokwisha piga wazione wote wawili. Binti naye mpigie. Wakisema kipande kitoke, kitoe.

ReliYaKati
Nguzo za baraza ni za nini? Reli ilifika Kigoma 1914 na mataruma ya chuma, yale yanayolazwa chini ya reli, ni mali ya umma. Kama ndiyo hayo na mzee hana karatasi ya manunuzi, filamu yako itamletea polisi mlangoni. Kibali cha Bodi ya Filamu nacho unacho?

Mpigapicha_Ujiji
Kibali ninacho. Nguzo mbili ni mataruma kweli, alinunua kwa mtu wa vyuma chakavu, karatasi hana. Hizo picha hazitatoka popote. Mama Gungu, umenigusa. Bibi alikuwa ananiletea mihogo kila siku na sikuwahi kumuuliza.

Seremala wa Mwanga
Wakikubali, rekodi ndani kuanzia saa kumi na mbili jioni. Jua huku linazama karibu saa moja, na kama mlango unatazama ziwani mwanga utafika mpaka ukuta wa nyuma. Wahi kabla ya mvua, bati likianza kupigwa sauti ya mzee hutaipata.

Mpigapicha_Ujiji
Mlango unatazama ziwani. Jumamosi naenda, kamera nitaiacha nyumbani.