Mjadala: Ukimpa mbabe wa vita ndege za kivita, damu anayomwaga ni ya nani?

Wadau, kila vita ya Afghanistan inapotajwa, hawakosekani wanaokisifu kikosi cha makomando 12 wa jeshi la Marekani, kiitwacho ODA 595, kuwa ndicho kilichoonyesha vita inavyopiganwa kwa akili. Mimi nakubali nusu tu.

Walichokifanya kilikuwa kikubwa, hilo silipingi. Oktoba 2001 walishushwa kwa helikopta usiku katika bonde la Dara-i-Suf, wakaungana na Jenerali Abdul Rashid Dostum, kiongozi wa Wauzbeki wa kaskazini. Gari halipiti kwenye njia zile za milimani, hivyo wakapewa farasi, na wengi wao hawakuwa wapandaji wazoefu. Silaha yao kuu ilikuwa redio: wanakaa juu ya kilima, wanavitazama vifaru vya Taliban, wanamtajia rubani wa ndege ya kivita ya Marekani mahali hasa vilipo, na bomu linashuka kutoka juu mno. Kisha wapiganaji wa Dostum wanashambulia kwa farasi. Kufikia 10 Novemba, Mazar-i-Sharif, mji mkubwa wa kaskazini, ulikuwa umeanguka mikononi mwao.

Wanaosifu huishia hapo. Twendeni wiki chache mbele. Kunduz, mji wa kaskazini uliokuwa bado mikononi mwa Taliban, uliposalimu amri mwishoni mwa Novemba, wafungwa wa Taliban walisombwa na watu wa Dostum kwenye makontena yaliyofungwa kuelekea gereza la Sheberghan. Wengi walikufa njiani. Mwaka 2002 wachunguzi wa kimataifa walifukua sehemu ya kaburi la halaiki huko Dasht-i-Leili, jangwa lililo karibu na Sheberghan, na miili mitatu waliyoipima ilionyesha dalili za kufa kwa kukosa hewa. Dostum amekana kwamba ilikuwa makusudi. Hakushtakiwa, mwaka 2014 akawa Makamu wa Rais.

Najua hoja ya upande wa pili: askari 12 wangewezaje kumzuia mtu mwenye maelfu ya wapiganaji? Swali hilo linawatetea wale askari, na mimi siwalaumu wao. Nawalaumu waliowatuma. Dostum hakuwa mgeni. Miaka yote ya 1990 alijulikana kwa ukatili na kwa kubadili kambi. Bila zile ndege angebaki amebanwa milimani. Aliyempa ushindi alikuwa na sauti juu yake.

Kwa hiyo anayesema Marekani haihusiki, anitajie: wakati makontena yale yako barabarani, nani mwingine duniani aliyekuwa na uwezo wa kumwamuru Dostum afungue milango?